Mla Masurufu

Ti. Kimya kidogo, halafu ti tena. Mfuniko wa kopo ulikuwa unabanwa kwa kiganja ili usipige kelele, nao ukapiga kelele vile vile.

Fundi alifumbua macho gizani. Alikuwa akilala chumba cha mbele, kwenye godoro lililotandikwa kati ya cherehani na meza ya kukatia nguo, na kati yake na mama yake palikuwa na pazia tu. Tangu daktari aseme mgonjwa arudishwe nyumbani akae na watu wake, kopo hilo lilikuwa likiamka kabla ya kila mtu.

"Mama, unataka chai?"

"Nani kakwambia nataka chai?"

"Nimesikia kopo."

"Umesikia panya. Hebu lala."

Fundi alitabasamu peke yake. Panya wa nyumba hii wana adabu, wakishakula wanafunika. Lakini tabasamu halikukaa, maana kitanda nacho kilianza kulalamika. Mama alijigeuzia ukutani, akajigeuzia kwenye pazia, akarudi tena ukutani, kama mtu anayetafuta kitu alichokilalia.

"Viatu vyangu viko wapi?"

"Chini ya kitanda, mama."

"Vinatazama wapi?"

"Vinatazama... sijui. Ukutani."

"Vigeuze vitazame mlangoni."

Fundi aliamka, akawasha taa, akavigeuza. Vilikuwa viatu vyeusi vya kanisani ambavyo mama hakuvivaa tangu miguu ivimbe. Baada ya viatu ikaja mito. Niketishe. Nilaze. Fungua dirisha. Funga, unataka baridi initangulie? Fundi alifanya yote bila kuinua sauti. Mwili wa mama, uliokuwa zamani ukijaza mlango, sasa ulimjia mikononi mwepesi kama gauni lililotolewa kwenye kamba. Alipomlaza mara ya mwisho kulikuwa kumekucha, na hakuna aliyelala kati yao.

Siku nayo ikaanza kwa mbio. Shule zilikuwa karibu kufunguliwa, na meza ya kukatia ilijaa mashati meupe yasiyo na mikono na mikono isiyo na mashati. Fundi alishona mistari miwili, akanyanyuka kuchungulia pazia, akarudi, akashona mstari mmoja. Nje, jirani yao Mchomeleaji alikuwa anatengeneza nondo za madirisha. Mtu huyo alikuwa na mkataba na dirisha la mama ambao hakuna aliyemwomba: pazia la dirishani likifunguliwa, anakata chuma. Likifungwa, anajua bibi amesinzia, anazima mashine na kuanza kupaka rangi. Siku hizo alikuwa amepaka rangi hata vitu ambavyo havikuhitaji rangi.

Jua lilipopanda alikuja padri kijana wa parokia. Fundi ndiye aliyempelekea habari. Padri alivua viatu mlangoni ingawa aliambiwa asivue, akapita kwa ubavu kati ya marobota ya kitambaa, akaketi kwenye kigoda cha cherehani karibu na kitanda.

"Shikamoo, bibi."

"Marahaba, baba. Umekonda. Hawakupikii huko?"

"Wananipikia, bibi, nakimbia tu sana. Leo nimekuletea komunyo ya wagonjwa."

Mama alikitazama kile kikopo kidogo cha dhahabu mkononi mwake. Akakitazama kwa muda, kwa hamu kabisa, kama mtu anayetazama sahani ya mwenzake. Kisha akageuka ukutani.

"Wape wagonjwa."

"Na wewe je?"

"Mimi si mgonjwa. Mgonjwa anapona. Mimi ni msafiri. Na msafiri hapewi hiyo, anapewa masurufu. Na mimi yangu nilishakula. Nenda, baba, usinitie kishawishi."

Fundi aliona aibu, akataka kusema neno, lakini padri alimpungia mkono asiseme. Alisali kidogo kwa sauti ya chini, akaufunga mfuko wake. Alipokuwa anainuka, mguu wake ulikigonga kiatu kimoja cha mama kikalala ubavu. Akainama, akakirudisha sawasawa na mwenzake, kikitazama mlangoni. Hakuuliza kwa nini. Fundi alimpenda kwa hilo.

Nje padri alinong'ona, "Dada, masurufu ninayoyajua mimi ni yale wanayochukua watumishi wakitumwa safari za kikazi, halafu wakirudi wanadaiwa risiti. Mama alikuwa serikalini?"

"Mama aliuza mboga maisha yake yote, baba."

Walicheka, wakajikuta wanacheka peke yao uani.

"Siwezi kumlazimisha," padri alisema. "Lakini nimeona alivyokitazama. Yule anataka. Kuna kitu kinamzuia. Muulize polepole, halafu unipigie. Saa yoyote."

Fundi hakujua amuulize vipi. Akaanza na kazi, kama alivyozoea. Alimketisha mama kwenye kiti apate kutandika, akakung'uta shuka, akainua mto, na kopo la majani ya chai likaanguka sakafuni likafunguka.

Hapakuwa na majani ya chai. Vilitoka vifurushi vidogo vidogo vya kitambaa cheupe, kila kimoja kimefungwa kwa uzi. Kitambaa alikifahamu: ni mabaki ya mashati, yale aliyodhani yamefagiliwa. Uzi pia alikuwa anaufahamu. Alifungua kimoja. Ndani kulikuwa na kipande cha mkate kilichokauka hadi kimekuwa kama kigae.

"Mama. Huu si ule mkate wa chai unaoniambia umeumaliza?"

Mama alikuwa anatazama magoti yake. Mwanamke aliyegombana na wachuuzi wa soko zima akiwa amesimama wima, sasa alikaa kama mtoto aliyekutwa na sukari mdomoni.

"Rudisha, mwanangu. Ni vya njiani."

"Njia ipi?"

"Kwani mimi naondokea ipi?"

Fundi akakaa chini sakafuni, vifurushi mapajani. Na mama, kwa kuwa alishakamatwa, akasema.

Zamani, katika kanisa la ujana wake, masurufu lilikuwa neno ambalo watu hawakulitamka ovyo. Lilikuwa jina la ile komunyo ya mwisho, anayopewa mtu anayekata roho, iwe chakula chake cha kumfikisha anakokwenda. Hawakusema fulani amezidiwa, wala hali yake ni mbaya. Walisema fulani kapewa masurufu, na aliyesikia aliweka chini alichobeba. Padri hakuja nayo kimya kimya. Mtu alitangulia mbele yake akigonga kengele ndogo, na njia nzima ikasimama: mwenye ndoo akaitua, mwenye baiskeli akashuka, waliokuwa wanatukanana wakakata tusi katikati na kulimalizia kengele ikishapita. Ndani ya nyumba kulikuwa kumeshaandaliwa meza ndogo, kitambaa cheupe, mshumaa, na maji kwenye glasi.

Neno lilikuwa kubwa, lakini watu ni watu, likatoka kanisani likaingia jikoni. Mtoto akitaka kutoka mbio asubuhi bila kula, mama yake alimwita, "Wewe, masurufu yako!" Kijana aliyeuza jembe kabla ya mvua waliambiana juu yake, "Huyo kala masurufu na safari bado." Baadaye mapadri wakaongezeka, vitabu vikabadilishwa, maneno mengine yakaja, mepesi na mazuri tu, na hilo likabaki kwa wale waliolijua tangu utoto. Wao nao wakawa wanaondoka mmoja mmoja.

"Sasa yako ulikula lini?" Fundi aliuliza.

"Niliishiwa damu baada ya kuzaa. Mkunga akanikatia tamaa. Wanawake walishaanza kuchemsha maji, na hayakuwa ya chai. Bahati padri alikuwa anapita na baiskeli yake, akaitwa, akanipa masurufu. Nikafumba macho niende." Alivuta pumzi. "Asubuhi nikaomba supu."

"Ukaomba supu!"

"Bakuli zima. Basi nilikoma. Kisimani, sokoni, kanisani, jina langu likawa Mla Masurufu. Mla Masurufu huyo, kala chakula cha njiani akabaki nyumbani! Na mimi nilicheka nao. Hata mwalimu wetu wa dini alinitania mbele ya watu: mama, yanatolewa mara moja tu, wewe yako umeshayamaliza. Siku ya safari yenyewe utakwenda mikono mitupu. Watu wakaangua kicheko. Nikacheka mimi kuliko wote."

"Alikuwa anakutania, mama."

"Alikuwa anatania kuhusu mimi. Kuhusu mara moja hakuwa anatania. Hapakuwahi kuwa na mtu aliyepewa mara mbili. Nimefikiria wote ninaowakumbuka, hakuna."

Fundi aliviringisha kifurushi kidoleni. "Ulikuwa unamzaa nani?"

"Nani mwingine? Hicho kichwa chako hicho, tangu siku hiyo hakina haraka."

Walitazamana. Fundi alikiweka kifurushi chini.

"Kwa hiyo ni mimi niliyekumalizia."

"Usianze," mama alisema kwa ukali wake wa zamani. Kisha akanyoosha mkono, akamgusa hapo hapo kichwani. "Ningeulizwa kuchagua, ningeyala tena siku ile ile. Sijuti. Ila naogopa, mwanangu."

"Unaogopa kufa?"

"Kufa kila mtu anakufa. Naogopa njia. Nimewahi kutembea na njaa, naijua inavyokata miguu. Hivi vipande najua sivyo vyenyewe, mimi si mjinga. Lakini mtu atatokaje nyumbani hivi hivi? Ndiyo maana silali. Kila nikifumba macho naona ninaanza kutembea, nikijipapasa sina kitu, narudi."

Fundi alivifunga vifurushi vyote upya, akavirudisha koponi, akalirudisha kopo chini ya mto. Akamlaza mama. Akarudi kwenye cherehani. Mkono wa shati aliushona ndani nje. Akaufumua, akaushona tena, ndani nje. Akasimama, akakaa, akasimama. Alikuwa ameishi miaka yake yote bila kujua kwamba kuna chakula cha mtu alikila kabla hajaweza kula. Na sasa mwenye chakula yuko nyuma ya pazia, anajigeuza, hathubutu kulala wala kwenda.

Alimpigia padri kijana. Padri alisikiliza mpaka mwisho bila kumkatiza.

"Mimi nikimwambia inaruhusiwa mara nyingi, ataniamini?"

"Wewe hata neno lenyewe hukulijua, baba. Samahani lakini."

"Ni kweli. Basi vaa, nakuja kukuchukua. Kuna mzee mmoja katika nyumba ya mapadri wastaafu, huwa tunamwomba atutafsirie anachosema ingawa anasema Kiswahili."

Fundi alitoka kumtafuta mtu wa kukaa na mama. Hakufika mbali. Mchomeleaji alishavua miwani yake ya kazi.

"Nenda, dada. Nitakaa naye."

"Atakusumbua."

"Mimi nina mke na mama mkwe nyumba moja. Nimeshasumbuliwa na mafundi."

Nyumba ya wastaafu ilikuwa na baraza refu linalotazama ua, na mapadri wazee walikaa hapo kwenye viti vyao kama nguo zilizoanikwa, kila mmoja na kipande chake cha jua. Yule waliyemfuata alikuwa pekee aliyekuwa na kazi. Aliinama juu ya beseni, miguu mitupu, anafua soksi zake mwenyewe. Alikuwa kiziwi kidogo, kwa hiyo mambo ya siri ya Fundi ilibidi yapigiwe kelele.

"Mama yangu yuko njiani, baba! Anataka masurufu!"

Mikono ya mzee ilisimama ndani ya povu.

"Sema tena."

"Masurufu!"

Alijifuta mikono kwenye suruali, polepole, kidole kwa kidole. "Neno hilo," alisema, "nilidhani tumeshalizika na mwenzangu wa mwisho." Akainua kichwa. "Yuko wapi? Nani kaniondolea viatu vyangu?"

"Subiri kwanza, baba. Anakataa. Alishapewa zamani, akapona. Anasema yanatolewa mara moja tu."

"Nani kasema?"

"Mwalimu wao wa dini."

"Wa kanisa lipi?"

Fundi alilitaja. Mzee alimtazama, mdomo ukaanza kumcheza, akacheka hadi akakohoa, hadi padri kijana akampigapiga mgongoni.

"Baiskeli!" alisema alipopata pumzi.

"Baiskeli gani, baba?"

"Mwanangu, eneo lote lile lilikuwa na padri mmoja na baiskeli moja. Makanisa yako ng'ambo ya mto, na mvua ikinyesha mto haupitiki. Padri akimpa mtu masurufu leo, hajui atarudi lini. Mwalimu aliwaambia watu kama alivyoona: mpokeeni vizuri, maana anakuja mara moja tu. Watu wakaishika. Mto ukajengewa daraja, baiskeli ikachakaa, wao bado wameishika. Mimi niliirithi baiskeli ile. Haikuwa na breki. Hiyo si sheria ya kanisa, ni sheria ya baiskeli!"

"Kwa hiyo anaweza kupewa tena?"

"Akiwa hatarini, hata kila siku!" alidakia mzee mwingine kutoka kiti cha tatu, ambaye muda wote alionekana amelala.

"Huyo usimsikilize sana," mzee wa beseni alimwambia Fundi. "Yeye alikuwa na pikipiki."

Lakini alikuwa anacheka huku anavaa viatu, bila soksi kwa kuwa zote zilikuwa majini. Dada anayewahudumia alitoka mbio na mto wa kuwekwa mgongoni na sweta, akamfunga vifungo vyote kama mtoto wa shule, akamwambia asirudi usiku.

Njiani gari lilitambaa. Mbele yao lori lilikuwa limekwama likipakua magodoro. Fundi alimpigia simu Mchomeleaji. Haikupokelewa. Akapiga tena. Ikaita hadi ikachoka. Mguu wake ulianza kukanyaga sakafu ya gari kama unakanyaga cherehani, haraka, haraka, na hakuna kilichoshonwa. Kama mama ameondoka sasa hivi? Kama amefumba macho, ameanza kutembea, amejipapasa, na safari hii hakurudi? Padri kijana alimwona, akapanda na tairi moja juu ya ukingo wa barabara, akawapita watu wa magodoro huku akiwaomba radhi kwa mkono.

Uani kulikuwa kimya. Mashine ya kukatia chuma ilikuwa imezimwa. Pazia la dirisha lilikuwa limefungwa.

Fundi aliingia mbio, akapangua pazia la ndani. Mchomeleaji alikuwa amekaa kwenye kigoda, kiatu kimoja cha mama mkono wa kushoto, brashi mkono wa kulia, jasho likimtoka.

"Simu yako!" Fundi alifoka. "Nimekupigia!"

"Iko karakana, dada. Nimekatazwa kuondoka. Nimeketisha, nimelaza, nimefungua, nimefunga. Hiki kiatu nakipaka mara ya tatu, kila nikimaliza anasema hajaona uso wake."

"Bado hakijang'aa," sauti ya mama ilitoka kitandani, nyembamba kuliko asubuhi. Alikuwa anajigeuza. Midomo ilikuwa imemkauka, na macho yalizunguka chumba yasipate pa kukaa.

Fundi alimshika Mchomeleaji mkono, akamtoa nje. Padri mzee alikuwa amesimama mbele ya ngazi za mlangoni, anazitazama kama mtu anayetazama mlima, huku padri kijana amemshika kiwiko.

"Meza ipo?" mzee aliuliza.

"Nitaondoa mashati," Fundi alisema.

"Kitambaa cheupe?"

"Hicho ndicho nilicho nacho kuliko vyote, baba."

"Mshumaa, maji. Na kengele?"

Hapo Fundi alikwama. Alitazama uani. Kengele ataitoa wapi?

"Hatuingii kimya kimya," mzee alisema. "Yule ametoka katika watu waliokuwa wakisikia kengele kwanza. Nikiingia bila kengele, mimi ni mgeni tu aliyekuja kumjulia hali."

Mchomeleaji hakuelewa hata nusu ya mambo hayo. Lakini kengele aliielewa. Alikwenda karakana, akagongagonga vyuma vyake kimoja kimoja, anasikiliza, anaweka chini, mpaka akapata kipande cha bomba kilicholia vizuri. Akakifunga kamba, akachukua boliti. "Hii itafaa?"

Basi ndivyo walivyokwenda. Fundi aliwatangulia kuandaa meza. Nyuma yake, kutoka getini, Mchomeleaji alikuja taratibu, bomba mkono mmoja, boliti mwingine. Ti. Ti. Ti. Mpita njia mmoja mwenye mzigo wa mkaa alisimama bila kujua kwa nini. Kwenye ngazi padri kijana akamwinua mzee begani upande mmoja, Mchomeleaji upande wa pili, boliti ikiwa kati ya meno, na mlio ukakatika kidogo, kisha ukaanza tena mlangoni.

Fundi alikuwa anawasha mshumaa mlio ulipovuka kizingiti. Alimtazama mama.

Mama aliacha kujigeuza. Ilikuwa kama cherehani inavyosimama mguu ukitoka kwenye kanyagio. Alilala chali, mikono juu ya shuka, masikio yote mlangoni. Macho yake yalikuwa makavu na wazi kabisa.

"Nani kapewa?" alinong'ona.

"Ni wewe, mama. Wanakuja kwako."

Padri mzee aliketishwa kwenye kigoda. Alimtazama mama, naye mama akamtazama, wazee wawili wakipimana.

"Mla Masurufu," mzee alisema kwa sauti ya viziwi, nyumba nzima ikasikia.

"Ndiye mimi, baba. Kwa hiyo unajua yangu niliyamaliza."

"Nimeambiwa. Ulipewa ya kwenda. Ulifika?"

"Kufika wapi?"

"Ulikokuwa unakwenda. Ulifika?"

Mama alifikiri. "Sikufika. Nilirudi. Nilikuwa na mtoto."

"Basi ile ilikuwa safari moja, ikaisha. Ulikula, ukapata nguvu ya kurudi, ukalea. Sasa hii ni safari nyingine. Nani mwenye akili atamwambia mtu: wewe ulikula safari ya mwaka ule, leo tembea na njaa?"

"Mwalimu wetu alisema mara moja tu."

"Mwalimu wenu alikuwa anaihesabu baiskeli. Niliipanda mimi baada ya mwenzangu. Haina breki, kengele yake imekufa, kiti kinachoma. Unaikumbuka?"

Kitu kilipita usoni mwa mama. "Yenye mfuko wa ngozi nyuma?"

"Yenye mfuko wa ngozi nyuma."

"Mnyororo ulikuwa ukimtoka yule padri kila akifika kisimani," mama alisema polepole. "Anatukana, halafu anajiungamia mwenyewe."

"Basi unaijua. Hiyo ndiyo iliyokuwa na mara moja tu. Bwana hakuwa na mara moja tu."

 Mama akageuza kichwa kidogo, si ukutani, bali kwa Fundi, kama anayetaka kusikia naye anasemaje.  Fundi aliitikia kwa kichwa, mara nyingi kuliko ilivyohitajika.

"Niketishe," mama alisema. "Hayaliwi mtu amelala, kama bado anaweza kuketi."

Wakamketisha. Padri kijana alifungua kikopo chake cha dhahabu, akamwekea mzee mkononi, na mzee akasema maneno yake ya zamani, yenye neno lile ndani, kwa sauti kubwa, bila aibu. Mama alipokea. Alitafuna kidogo, akafumba macho. Fundi alimpa maji kwenye glasi. Mchomeleaji alikuwa amesimama kwenye pazia na bomba lake kifuani, machozi yakimshuka, na kwa kuwa mikono ilikuwa imeshika vyuma hakuwa na cha kujifutia.

Walikaa hivyo. Kitanda hakikulia. Kwa mara ya kwanza tangu mgonjwa arudi nyumbani, Fundi alisikia saa ya ukutani, ambayo alidhani imeharibika.

Mama alipofumbua macho, alipapasa chini ya mto, akatoa kopo.

"Hivi sivihitaji tena. Kuleni, msije mkatoka kwangu na njaa."

Aligawa vifurushi, kimoja kwa kila mtu. Padri kijana aling'ata, akaacha kutafuna, akatazama juu kumwomba Mungu msaada. Mzee, ambaye hakuwa na meno ya kushindana na kigae, aliomba chai, akachovya, akasubiri kwa subira, akala chote mpaka uzi ulipobaki.

"Mkate mzuri," alisema.

"Mwongo," mama alisema, akatabasamu. Kope zilikuwa zinamwangukia. Fundi alimlaza, akafunga pazia la dirisha, na Mchomeleaji akainama kuvirudisha vile viatu chini ya kitanda, vikitazama mlangoni, vyote viwili vikiwa vimeng'aa sasa.

Wageni walianza kuinuka kwa vidole vya miguu. Walikuwa wamefika kwenye pazia sauti ilipowaita, nzito kwa usingizi.

"Baba. Siku hizi mnakuja na nini?"

"Na gari la huyu kijana," mzee alijibu.

"Breki linazo?"

"Linazo, bibi," padri kijana alisema.

"Basi kesho piteni tena," mama alisema, macho yakiwa yamefumbwa. "Nikiwa sijaondoka, mtanikuta hapa hapa. Piteni tena."